Kati ya Nyika na Mlima: Historia Fupi ya Mantiki ya Kadiri katika Utambuzi wa Maradhi

Miongoni mwa istilahi zinazobishaniwa na wapenzi wa lugha siku hizi ipo moja ambayo wengi huiona kuwa ni jambo la wataalamu wa kompyuta peke yao. Nayo ni istilahi ya ile mantiki inayokubali kwamba jambo laweza kuwa kweli kwa kiasi, wala si lazima liwe kweli tupu au uongo mtupu. Katika makala haya tunakusudia kueleza mantiki hiyo ilikotoka, namna ilivyoingia katika kazi ya utabibu, na kwa nini jina tutakaloipa si jambo dogo kwa mtoto mwenye homa katika zahanati ya kijijini. Mfano wetu tumeuchukua Mnazi, wilayani Lushoto.

Msomaji asiyeifahamu wilaya hiyo aghalabu hudhani kuwa Lushoto yote ni milima, baridi na ukungu. Sivyo. Barabara ipitayo Mlalo huteremka ghafla upande wa kaskazini, na chini yake huanza tambarare kavu yenye joto inayoendelea kuelekea Mkomazi na mpaka wa Kenya. Mnazi imo katika tambarare hiyo. Wasambaa tangu zamani wametofautisha Shambaai, yaani nchi yao ya milimani, na nyika, yaani nchi ya chini. Mwanahistoria Steven Feierman, katika kitabu chake cha mwaka 1974 juu ya ufalme wa Wasambaa, ameeleza jinsi tofauti hiyo ilivyotawala fikra zao juu ya kilimo, chakula na afya, na jinsi nyika ilivyohesabiwa kuwa mahali pa maradhi. Lakini ameeleza pia kwamba vijiji vingi vilijengwa ukingoni mwa mlima, ili watu wapate faida za pande zote mbili. Je, mtu wa ukingoni ni wa mlima au wa nyika? Swali hilo ndilo kiini cha mantiki tunayoizungumzia.

Sayansi ya baadaye haikuwakanusha wazee. Utafiti uliochapishwa mwaka 2003, uliofanywa katika vijiji vya Usambara vilivyo kati ya mita 300 na 1,700 hivi juu ya usawa wa bahari, ulionyesha kwamba uambukizaji wa malaria nyandani juu ulikuwa umepungua zaidi ya mara 1,000 ukilinganishwa na ule wa chini. Mwaka uliofuata ulitoka utafiti mwingine, wa hospitali kumi za kaskazini mashariki mwa Tanzania. Wagonjwa 4,474 waliokuwa mahututi walikuwa wametibiwa kama wagonjwa wa malaria kali. Waliokutwa na vimelea katika damu walikuwa 2,062 tu, yaani asilimia 46.1. Na kadiri makazi ya mgonjwa yalivyokuwa juu zaidi mlimani, ndivyo vimelea vilivyozidi kukosekana. Wengi wa waliobaki walikuwa na ugonjwa mwingine ambao haukutafutwa, kwa kuwa jina la malaria lilikwisha kutamkwa.

Na turudi nyuma kidogo. Mwaka 1965 Lotfi Zadeh, mzaliwa wa Baku aliyekuwa akifundisha Chuo Kikuu cha California huko Berkeley, alichapisha makala juu ya seti zisizo na kingo kali. Katika hesabu za kawaida kitu ama kimo ndani ya seti ama hakimo. Zadeh alisema kitu chaweza kuwamo kwa kadiri fulani, kati ya 0 na 1. Seti ya watu warefu, kwa mfano, haina mpaka: hakuna sentimita moja ambayo, ikiongezwa, humgeuza mfupi kuwa mrefu.

Wazo hilo lilidharauliwa na wengi mpaka lilipopata mtu wa kulitia kazini. Hapa historia yatugusa sisi wenyewe, ingawa ni nadra kusikia ikitajwa nchini. Ebrahim Mamdani alizaliwa mwaka 1942 katika nchi ambayo leo ni Tanzania, akasoma uhandisi nchini India, kisha akaenda Uingereza mwaka 1966. Akiwa Queen Mary College, London, yeye na mwanafunzi wake Sedrak Assilian waliamua kuendesha mtambo mdogo wa mvuke wa maabara kwa sentensi badala ya milinganyo ya hesabu. Walichukua maarifa ya mwendeshaji stadi na kuyaandika kama yeye mwenyewe angeyasema: ikiwa kanieneo ya mvuke imepungua sana, ongeza moto sana; ikiwa imepungua kidogo, ongeza kidogo. Matokeo yalichapishwa mwaka 1974 na 1975, nao mtambo ulitii. Tangu hapo njia hiyo ya kufikia uamuzi huitwa kwa jina la Mamdani katika vitabu vya dunia nzima. Alifariki mwaka 2010. Mwaka uleule wa 1974, na hili twalitaja kwa kupita tu, serikali yetu ilipiga marufuku uingizaji wa kompyuta na televisheni, marufuku yaliyokuja kulegezwa baadaye.

Upande wa tiba, Chuo Kikuu cha Stanford kilianza mwanzoni mwa miaka ya 1970 kuunda programu ya MYCIN, iliyokuwa na kanuni zipatazo 600 za kuwashauri madaktari juu ya maambukizi ya bakteria na dawa za kuyatibu. MYCIN haikutumia mantiki ya Zadeh hasa, bali vipimo vya uhakika vya namna yake. Na ijapokuwa ilipopimwa haikushindwa na mabingwa, haikupata kutumiwa katika kazi ya kila siku ya hospitali. Waliochukua njia ya Zadeh ni Elie Sanchez wa Marseille, aliyeandika uhusiano wa dalili na maradhi kama kadiri, na Klaus-Peter Adlassnig wa Vienna, aliyeunda mfumo wa CADIAG-2. Barani Afrika, wataalamu wa Nigeria walichapisha mwaka 2011 mfumo wa aina hiyo kwa ajili ya malaria.

Hapa kwetu msaada wa kompyuta kwa tabibu umefuata njia nyingine. Msingi wake ni mwongozo wa kutibu watoto uliotolewa na Shirika la Afya Duniani na UNICEF katika miaka ya 1990, ambao Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi za mwanzo kuupokea. Mwongozo huo umewekwa katika simu na kompyuta za mkononi, ukaongezewa vipimo vya damu, na kujaribiwa Dar es Salaam, kisha Morogoro na Mbeya. Matokeo ya Morogoro na Mbeya, yaliyochapishwa mwaka 2024, yalionyesha kuwa watoto waliopewa dawa za antibiotiki walikuwa asilimia 23.2 katika vituo vilivyotumia mfumo, na asilimia 70.1 katika vile ambavyo havikuutumia. Hayo si mafanikio madogo, nasi hatutaki kuonekana kuyabeza.

Lakini mifumo hiyo hufuata matawi yenye kingo kali. Mwongozo wasema mtoto wa miezi 2 hadi 11 anapumua haraka akifikisha pumzi 50 kwa dakika. Wa miezi 12 hadi miaka 5, akifikisha 40. Chukua mtoto wa miezi 11 mwenye kikohozi anayevuta pumzi 45. Leo hana pumzi za haraka. Wiki chache zijazo, akikohoa vilevile na kupumua vilevile 45, atakuwa na dalili ya nimonia na kupewa dawa. Hakuna kilichobadilika kifuani mwake. Kilichobadilika ni kalenda. Kila tabibu mzoefu analijua hilo, naye hulirekebisha kwa jicho lake. Mashine haina jicho hilo isipopewa.

Mantiki ya Mamdani hulitoa jicho hilo kwa namna hii. Tuseme, kwa mfano tu, mtoto ana joto la nyuzi 38.2, nasi tumekubaliana kuwa joto hilo limo katika seti ya homa kali kwa kadiri 0.6. Kijiji chao kiko ukingoni juu ya Mnazi: kimo katika nyika kwa 0.3 na katika mlima kwa 0.7. Mtoto alishuka nyikani siku chache kumfuata bibi yake, basi kusema hajasafiri ni kweli kwa 0.2 tu. Kanuni ya kwanza yasema: ikiwa homa ni kali na makazi ni nyika, dalili za malaria zina uzito mkubwa. Kanuni hufuata sharti lililo dhaifu kuliko yote, hivyo hii ina nguvu ya 0.3. Kanuni ya pili yasema: ikiwa makazi ni mlima na mtoto hajasafiri, uzito ni mdogo, nguvu yake ni 0.2. Kanuni zote mbili husikilizwa. Majibu yao huunganishwa kuwa umbo moja, na umbo hilo hutafutiwa kitovu chake, ambacho ndicho jibu. Lakini mfumo wenye kingo kali ukiulizwa wilaya, ukajibiwa Lushoto, na Lushoto ikaandikwa mlima, basi mtoto wa Mnazi amekwisha kudhulumiwa kabla ya kuguswa paji la uso.

Yupo atakayesema kuwa kipimo cha haraka cha malaria kimemaliza mjadala, kwani tangu mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani lapendekeza kila mwenye homa apimwe kwanza. Ni kweli kwamba kipimo hakina badala. Hata hivyo kipimo hujibu swali moja. Katika nchi ya joto mtoto aweza kubeba vimelea huku kinachomuumiza ni nimonia; na kipimo kikisema hapana, bado tabibu amebaki na homa isiyo na jina.

Sasa tuje kwenye istilahi. Wapo waliopendekeza mantiki ya ukungu. Jina ni zuri masikioni, lakini ukungu hukificha kitu ambacho chenyewe kina umbo kamili. Ukiondoka, mti waonekana. Nyuzi 38.2 hazikufichwa na kitu. Kisicho na kingo ni maana ya neno kali. Wengine husema mantiki tata. Utata ni neno moja kuwa na maana mbili, kama kaa la moto na kaa wa pwani, na hilo ni jambo jingine kabisa. Mantiki ya shaka ndiyo ya hatari kuliko yote, kwa kuwa huichanganya kadiri na uwezekano. Kusema kijiji kimo nyikani kwa 0.3 si kubahatisha kilipo. Tabibu akiambiwa kuwa mashine yafanya kazi kwa shaka, ataitupa, au vibaya zaidi, ataiamini pale inapomtaka apime mwenyewe.

Sisi twapendekeza mantiki ya kadiri. Tumekwisha kuambiwa kwamba neno hilo lakaribiana mno na makadirio ya bajeti, na pingamizi hilo lina uzito; hatujapata lililo bora. Badala ya uanachama wa seti, neno linalonuka kadi na michango, twapendekeza kuwamo, na kadiri ya kuwamo. Ama ile programu yenye maarifa ya mabingwa, wengi huiita mfumo wa kitaalamu, jina lisilobagua chochote, au mfumo bingwa. Hili la pili tunalikataa kwa makusudi. Nchini mwetu daktari bingwa ni cheo. Tabibu wa zahanati hambishii. Chombo hiki chapasa kubishiwa. Tumekiita mfumo mshauri.

Kuhusu utambuzi wa maradhi hatuna ugomvi, ijapokuwa Kiswahili kina kitenzi cha zamani zaidi, kuagua, ambacho kimebaki mikononi mwa wapiga ramli, wala haielekei kuwa kitarudishwa.

Limebaki jambo moja. Ili mfumo mshauri usemeshwe kwa Kiswahili, kila seti yahitaji jina ambalo mzazi atalitamka bila kufundishwa. Kwa joto la mwili tulikuwa na kawaida na homa kali, na katikati tukaweka homa ya wastani, maneno ya karatasi. Mama mmoja tuliyekutana naye upande wa Mnazi, alipoulizwa mwanawe alikuwaje usiku, alisema hakuchemka, alikuwa vuguvugu. Tumefuta wastani, na katika orodha yetu seti ya katikati sasa inaitwa vuguvugu.