Kaizari aliyechoma madaftari ya kodi

Tangu Julai 2020, Uturuki ilipolirudisha jengo la Hagia Sophia kuwa msikiti, mabishano juu yake hayajapoa. Wapo wanaotaka lirudi kuwa makumbusho, wapo wanaosema haki imerejea mahali pake, na tangu Januari 2024 watalii wa kigeni wana lao la kulalamikia: kiingilio cha euro 25. Katika kelele zote hizo pande zote humtaja kwa heshima mtu mmoja, Justinian, Kaizari wa Dola ya Roma ya Mashariki, aliyelijenga kati ya mwaka 532 na 537. Mwaka 2027 zitatimia karne 15 tangu atawazwe, na bila shaka sifa zitamiminika upya. Ni nadra kumsikia mtu akiuliza dola ilipata wapi ubavu wa kutumia fedha kiasi kile.

Anayeuliza hivyo hana budi kurudi nyuma hadi kwa Anastasius, mzee aliyetawala Konstantinopoli, Istanbul ya leo, kuanzia 491 hadi 518. Alizaliwa Dyrrachium, mji ambao leo ni Durrës, Albania. Jicho lake moja lilikuwa na rangi tofauti na jingine, watu wakampa jina la utani, Dikoros. Hakuwa mwana wa mfalme wala jemadari. Alikuwa ofisa wa ikulu mwenye umri wa miaka 60 hivi wakati Kaizari Zeno alipofariki, na mjane Ariadne akamchagua yeye badala ya Longinus, ndugu wa marehemu. Mwezi uliofuata Ariadne akaolewa naye. Ndugu wa Zeno akapelekwa uhamishoni Misri, na vita na watu wa kabila lake, Waisauri, vikachukua miaka kadhaa.

Lakini kisa kinachostahili nafasi hapa ni cha kodi.

Tangu enzi za Konstantino, wafanyabiashara na mafundi wa mijini walitozwa kila baada ya miaka minne kodi iliyoitwa krisajiro, iliyolipwa kwa dhahabu na fedha. Haikumwacha fundi viatu, haikumwacha hata kahaba. Ilichukiwa mno, hata mwanasarufi mmoja, Timotheo wa Gaza, aliitungia tamthilia ya huzuni. Mji wa Edesa peke yake ulidaiwa ratili 140 za dhahabu kila mara zamu ilipofika. Mwaka 498 Anastasius akaifuta.

Mwandishi mmoja wa Edesa, aliyeandika kwa Kisiria miaka michache tu baadaye, ametuachia habari za siku amri ilipofika. Wakubwa kwa wadogo walivaa nguo nyeupe, wakashika mishumaa na vyetezo vya ubani, wakaandamana kanisani wakiimba zaburi. Sherehe ziliendelea wiki nzima. Mafundi waliacha kazi, wakaketi wakila na kunywa kwenye uwanja wa kanisa kuu na kwenye baraza za mji.

Huko mji mkuu, kwa mujibu wa Evagrius, mwanasheria wa Antiokia aliyeandika karibu karne moja baadaye, Kaizari alikuwa na wasiwasi mwingine. Aliwajua watumishi wake. Alikwisha kuyachoma madaftari ya kodi hiyo, lakini alifahamu kwamba mahali fulani zimebaki nakala, na kwamba mrithi wake yeyote mwenye tamaa angeweza kuifufua. Basi akawaita wakuu wa hazina, akajifanya mtu anayejuta. Aliwaambia kwamba alifanya pupa, alitafuta sifa za bure, akasahau askari na maadui wanaoizunguka dola. Laiti pangekuwa na njia ya kuirudisha ile kodi! Wale mabwana, ambao ulaji wao ulikuwa umekatwa, walifurahi kupita kiasi. Wakamwambia asivunjike moyo, kumbukumbu zinaweza kukusanywa upya kutoka kwenye hesabu za matumizi. Akawapa fedha za safari, wakatawanyika kila pembe ya dola, wakarudi na kila karatasi waliyoipata. Akawashukuru, akahakikisha kwamba hakijabaki kitu, kisha akazitia moto zote.

Evagrius anakisimulia kisa hiki kwa furaha ya mtu aliyewahi kusumbuliwa na wakusanya kodi. Hata hivyo, yeye huyohuyo analaumu hatua nyingine ya utawala ule: Marinus wa Siria, mshauri wa Kaizari, aliyanyang'anya mabaraza ya miji kazi ya kukusanya kodi na kuwapa mawakala maalumu, na miji ikafifia. Mzee hakuwa malaika. Alikuwa mtu wa hesabu, na hesabu zake zilikuwa kali.

Mengine yalimwendea kombo. Uajemi ulimvamia mwaka 502 na kuuteka mji wa Amida; baada ya vita akajenga ngome ya Dara mpakani. Magharibi ya mji mkuu alikuwa na ukuta wa kilomita 56 hivi, kutoka Bahari Nyeusi hadi Bahari ya Marmara. Katika dini alielemea upande wa waliopinga Mtaguso wa Kalsedoni, mkutano wa maaskofu uliofundisha kwamba Kristo ana asili mbili, na mwaka 512 nyongeza ya maneno machache katika wimbo wa ibada ilitosha kuwasha fujo za siku kadhaa. Alikwenda uwanja wa mbio za magari ya farasi bila taji kichwani, akawatangazia watu kwamba yuko tayari kujiuzulu, ila hawawezi kutawala wote kwa pamoja. Wakamsihi avae taji lake.

Alipofariki Julai 518, hazina ilikuwa na ratili 320,000 za dhahabu, zaidi ya tani 100 kwa vipimo vya leo. Tunaipata idadi hiyo kwa Procopius, mwanahistoria wa enzi za Justinian, ambaye anadai kwamba Justinian alianza kuzifuja hata kabla ya kutawazwa, mjomba wake Justin akiwa bado kwenye kiti. Akiba haiozi, lakini huliwa, na mlaji ndiye anayejengewa jina.

Waandishi wa Kiorthodoksi hawakumsamehe Anastasius msimamo wake wa dini, na wasomaji wa leo wamemsahau. Sehemu za ukuta wake zimefunikwa na msitu nje ya Istanbul. Kanisa la Mitume Watakatifu alimozikwa pamoja na Ariadne lilibomolewa karne ya 15, na mahali pake pakajengwa Msikiti wa Fatih. Hakuacha mtoto. Mpwa wake Hypatius, aliyetangazwa Kaizari na waasi katika ghasia za mji mkuu zilizoitwa Nika mwaka 532, aliuawa kwa amri ya Justinian na maiti yake ikatupwa baharini. Mwezi uliofuata ujenzi wa Hagia Sophia ukaanza.