Lilliput: Historia ya Kivumishi Kilichozaliwa Kitabuni

Miongoni mwa maneno ambayo lugha za Ulaya zimeyapata kutoka katika bunilizi za kinjozi, yaani hadithi zinazojenga ulimwengu usiokuwapo na kuupa watu, sheria na ramani zake, ni machache yaliyosafiri mbali kama kivumishi "lilliputian", ambacho kamusi nyingi hukieleza kwa maana moja tu, ya udogo uliopita kiasi. Maelezo hayo ni sahihi, lakini ni nusu ya habari. Neno hilo lilipotungwa lilibeba udogo wa aina mbili, wa kiwiliwili na wa nafsi, na historia yake ya takriban miaka 300 ni historia ya jinsi udogo wa nafsi ulivyosahauliwa, na ya madhara yaliyotokea pale udogo wa kiwiliwili ulipobaki peke yake.

Chanzo chake ni kitabu cha safari za Gulliver, kilichochapishwa London na Benjamin Motte tarehe 28 Oktoba 1726 bila jina la mwandishi, ingawa haukupita muda mrefu kabla ya kujulikana kwamba aliyekiandika ni Jonathan Swift, mzaliwa wa Dublin na mkuu wa Kanisa Kuu la Mtakatifu Patrick mjini humo. Katika sehemu ya kwanza, tabibu wa meli aitwaye Lemuel Gulliver anaokoka baada ya chombo chake kuvunjika, anatupwa pwani ya kisiwa cha Lilliput, na anapozinduka anajikuta amefungwa kamba na watu ambao kimo chao hakifiki inchi 6. Swift alikuwa mwangalifu mno katika vipimo, kwani kila kitu cha kisiwa hicho, kuanzia farasi hadi miti, kimepunguzwa kwa uwiano wa 1 kwa 12, na wanahisabati wa mfalme wanapokadiria chakula cha mgeni wao hawazidishi kwa 12 tu, bali kwa kipeo cha tatu cha 12, ambacho ni 1,728, kwa sababu mwili una urefu, upana na unene. Usahihi huo ndio uliomfanya msomaji aikubali ajabu hiyo kana kwamba anasoma taarifa ya baharia wa kweli.

Hata hivyo, vipimo hivyo viliwekwa ili kubeba tashtiti, yaani uandishi unaofichua upumbavu wa watu kwa kuwachekesha wasomaji. Mfalme wa Lilliput, ambaye himaya yake haizidi mzingo wa maili 12, anajitangaza kuwa mtawala ambaye mipaka yake inafika mwisho wa dunia. Vyeo vya serikali yake hutolewa kwa wale wanaoruka vizuri zaidi juu ya kamba, na hodari wao ni mweka hazina Flimnap, ambaye wasomaji wa wakati ule walimtambua kuwa ni Robert Walpole, waziri mwenye nguvu kuliko wote nchini Uingereza. Vyama viwili vya siasa vinatofautiana kwa urefu wa visigino vya viatu. Zaidi ya hayo, taifa limegawanyika kuhusu ncha ipi ya yai ipasuliwe wakati wa kula, mgogoro ambao umesababisha watu 11,000 wakubali kuuawa kuliko kupasua yai kwa ncha ndogo, na ambao kila msomaji wa 1726 alielewa kuwa ni kivuli cha vita vya Wakatoliki na Waprotestanti. Udogo wa miili hiyo, kwa hiyo, ni kielelezo cha ufinyu wa mioyo yenye majivuno, na kumwita mtu kwa kivumishi hiki hapo mwanzo kulikuwa ni kusema yote mawili kwa mkupuo mmoja.

Msomaji wa Kiswahili hapati shida kulielewa jambo hili, kwa kuwa sarufi yake imeliweka tayari katika ngeli: anayesema "kijitu" badala ya "mtu" amepunguza kimo na heshima kwa pamoja, na ni muktadha tu unaoonyesha ni kipi kilichokusudiwa zaidi. Pengine ndiyo sababu kivumishi hicho hakikuhamia katika Kiswahili, ijapokuwa hadithi yenyewe ilihamia mapema, kwani *Safari za Gulliver* ilitoka katika miaka ya 1930 kwa tafsiri ya Frederick Johnson, katibu wa kwanza wa kamati ya lugha ya Kiswahili iliyoundwa mwaka 1930 kwa ajili ya nchi za Afrika Mashariki.

Sehemu ya pili ya kitabu inaongeza jambo ambalo watumiaji wa neno hili wamelisahau mara nyingi. Gulliver anafika Brobdingnag, nchi ya majitu, ambako yeye ndiye anayekuwa mdogo kwa uwiano uleule wa 12, anawekwa kiganjani, na mfalme mwenye hekima anapoelezwa siasa na vita vya Ulaya anaona kwamba wanaojigamba namna hiyo ni vidudu tu. Swift alikuwa akifundisha kwamba udogo ni uhusiano baina ya vitu viwili, na kwamba anayewacheka wa Lilliput leo huenda kesho akachekwa na mwingine aliye mrefu zaidi.

Matumizi ya kwanza ya neno nje ya kitabu yalibaki karibu na kusudi hilo. Mnamo Aprili 1738 Bunge la Uingereza lilisisitiza katazo la kuchapisha mijadala yake, na mchapishaji Edward Cave, mwenye jarida la *The Gentleman's Magazine*, akatafuta njia ya kuwapasha habari wasomaji wake bila kupelekwa gerezani. Kuanzia Juni mwaka huo jarida lake lilichapisha mijadala ya "Baraza la Seneti la Lilliput", iliyodaiwa kuletwa kutoka kisiwani humo, ambamo makabaila waliitwa Hurgo, wabunge wa kawaida wakaitwa Clinab, na Walpole akawa Walelop, majina ambayo msomaji aliyefuatilia siasa aliyafumbua bila taabu. Kuanzia 1741 hadi 1744 mwandishi wa mijadala hiyo alikuwa Samuel Johnson, ambaye baadaye aliandika kamusi mashuhuri ya Kiingereza, na ambaye kwa kuwa hakuwa akihudhuria vikao alizitunga hotuba nyingi kutokana na vidokezo vichache alivyoletewa. Alipotambua kwamba watu waliziamini kuwa maneno halisi ya wabunge aliacha kazi hiyo, na majuto yake yalimfuata hadi uzeeni. Kwa miaka kadhaa, basi, jina la nchi isiyokuwapo lilikuwa ngao ya uhuru wa habari katika nchi iliyokuwapo, na katika historia yote ya neno hili hakuna ukurasa unaostahili heshima kuliko huo.

Baada ya hapo maana ilianza kulainika. Mwaka 1751 John Newbery alianzisha London jarida la watoto lenye jina la *The Lilliputian Magazine*, na mwaka 1756 mwigizaji David Garrick aliiweka jukwaani tamthilia fupi iitwayo *Lilliput*, ambayo waigizaji wake walikuwa watoto. Kivumishi kilianza kumaanisha kitu kidogo cha kupendeza, na kejeli ya Swift ikapungua makali kadiri kitabu chenyewe kilivyofupishwa na kuchapishwa kwa ajili ya watoto, mara nyingi bila sehemu zake zilizo chungu.

Ulainifu huo ulifungua mlango wa matumizi mabaya zaidi, kwa sababu neno lililopoteza shabaha yake ya kimaadili lilianza kubandikwa juu ya watu halisi wenye kimo kifupi, ambao hawakuwa na kosa lolote la kufananishwa na watawala wenye majivuno. Katika Kijerumani, neno "Liliputaner" likawa jina la kawaida la watu hao katika sarakasi na maonyesho, na leo linahesabiwa kuwa tusi. Katika bustani ya burudani ya Dreamland, huko Coney Island mjini New York, mwaka 1904 ulifunguliwa mji mdogo ulioitwa Lilliputia, uliojengwa kwa mfano wa Nuremberg ya kale, ambamo mamia ya watu wafupi waliishi huku wateja waliolipa kiingilio wakiwatazama, mpaka moto ulipoiteketeza Dreamland nzima mwezi Mei 1911. Wako waliolitumia jina hilo kwa hiari ili kupata riziki, na wanaojulikana zaidi ni ndugu wa ukoo wa Ovitz kutoka Rozavlea, Romania, Wayahudi ambao saba kati ya kumi walikuwa wafupi na ambao walizunguka Ulaya ya Kati na kundi lao la muziki la Lilliput. Mwezi Mei 1944 walipelekwa Auschwitz, ambako daktari Josef Mengele aliwatenga ili awafanyie majaribio ya kikatili, na waliokoka hadi kambi ilipokombolewa Januari 1945. Wazungumzaji wa Kiswahili nao wanalo la kutafakari hapa, kwa kuwa neno "mbilikimo", lililobandikwa tangu zamani juu ya watu wafupi wa misitu ya Kongo, limekuwa likitumika mitaani kwa dharau ileile.

Sayansi ililipa neno kazi nyingine, iliyo safi zaidi. Mwaka 1909 daktari wa magonjwa ya akili wa Ufaransa, Raoul Leroy, alieleza maono ya wagonjwa waliokuwa wakiona watu wadogo sana, wengi wao wakiwa wamevaa nguo za rangi na wakitembeatembea, akayaita maono ya Lilliput, na istilahi hiyo ingali inatumika. Mwaka 1993 mtaalamu wa visukuku wa Poland, Adam Urbanek, aliita "athari ya Lilliput" hali aliyoiona katika mabaki ya graptolaiti, viumbe wa bahari za kale, ambao baada ya janga la maangamizi walipungua ukubwa wa miili. Katika matumizi haya kipimo kimerudi kuwa uhusiano kama Swift alivyotaka, kwa maana kiumbe huitwa mdogo kwa kulinganishwa na mababu zake wa kabla ya janga.

Lakini urithi ulio mwaminifu kuliko wote umo katika uhandisi wa kompyuta. Kompyuta huigawa namba kubwa katika vipande viitwavyo baiti, na ni lazima iamuliwe kipande kipi kitangulie, kile chenye thamani kubwa au chenye thamani ndogo. Namba 1,726, kwa mfano, huhifadhiwa katika baiti mbili zenye thamani 6 na 190, na mashine inayozisoma kwa mpangilio wa kinyume itapata 48,646. Katika miaka ya 1970 wahandisi waligawanyika vikali kuhusu suala hilo, mpaka Danny Cohen alipoandika makala yenye tarehe ya 1 Aprili 1980 akiwataka waache vita vyao vya kidini, na akaziita pande hizo mbili kwa majina ya wagomvi wa yai wa Lilliput, wa Ncha Kubwa na wa Ncha Ndogo. Hoja yake ilikuwa kwamba kukubaliana juu ya mpangilio mmoja kuna maana kuliko mpangilio wenyewe. Majina hayo yakawa vivumishi rasmi vya taaluma, ilhali makubaliano aliyoyaomba hayakupatikana kikamilifu: itifaki za msingi za intaneti hufuata Ncha Kubwa, vichakataji vya Intel hufuata Ncha Ndogo, na programu zinazoviunganisha hulazimika kugeuza mpangilio wa baiti kila namba inapovuka kutoka upande mmoja kwenda wa pili.