Sheria ya Shelabela

Neno lenyewe ni higgledy-piggledy. Ukilitamka kwa haraka ulimi hujikwaa, na nadhani aliyelibuni alitaka hivyo hivyo. Ni kielezi cha Kiingereza kinachosema kwamba vitu vimelala, vimepangwa au vimetendwa bila mpango: vitabu vimetapakaa sakafuni, nyumba za kijiji zimejengwa kila moja ikitazama upande wake. Waingereza wa leo hawalitumii mara kwa mara, na wanapolitumia huwa na tabasamu, kwa sababu lina harufu ya utotoni. Limo hata katika wimbo wa watoto wao kuhusu kuku mweusi anayewatagia mayai mabwana wakubwa. Mtafsiri akilikuta mwisho wa siku, macho yamechoka, huandika "ovyo" akapita zake. Mimi hapo humshika mkono nikamwomba arudi nyuma kidogo.

Neno hili lina ndugu wengi. Kiingereza kimejaliwa vielezi pacha vya fujo: helter-skelter, pell-mell, topsy-turvy, hugger-mugger, willy-nilly. Leo wote wanaonekana kusema jambo moja, lakini kila mmoja alianza na kazi yake. Pell-mell alitoka Ufaransa, kwenye kitenzi cha kuchanganya, akazoea vitani, pale askari wanapoingiliana na adui hata mshale haujui wa kumchoma. Baadaye akawa wa mbio za kukurupuka. Hugger-mugger alikuwa wa siri. Katika Hamlet, mfalme Claudius anamtumia akijutia kwamba Polonius alizikwa kimyakimya. Fujo alizivaa baadaye. Na willy-nilly ni "apende asipende" yetu kabisa, kutaka na kutotaka vimeshikamana katika neno moja, ila sasa watu wengi humtumia kwa maana ya vurugu tu. Naona hasara hapo. Ulegevu wa wasemaji umewafanya watu watano wenye taaluma tano wawe vibarua wa kazi moja.

Turudi kwa neno letu. Mwaka 1598 John Florio, mzaliwa wa London mwenye baba Mtaliano, alichapisha kamusi yake ya Kiitaliano kwa Kiingereza, A Worlde of Wordes. Alipofika kwenye msemo alla rappa, unaohusu kunyakua, alirundika visawe kadhaa vya Kiingereza, na kimojawapo kilikuwa hiki, kwa tahajia ya enzi zake: higledi-pigledie. Kwa hiyo hapo mwanzo tunapolikuta, neno halizungumzii vitu vilivyolala. Linazungumzia mikono: kunyakuanyakua, kila mtu na lake.

Samuel Johnson naye, katika kamusi yake kubwa ya 1755, alilihukumu kuwa neno la mitaani, akalitoa kwenye higgle, kwa hoja kwamba higgler hubeba vyakula vyake vimesongamana. Higgler ni mchuuzi. Alizunguka mashambani akinunua mayai, kuku na siagi, akavipeleka mjini kuuza. Wanakamusi waliomfuata wengi hawakukubaliana naye. Wao wanatazama ile pig iliyomo katika nusu ya pili, wakiwakumbuka nguruwe wanavyolala wamebanana, huyu kichwa kule, yule miguu huku. Pengine wana haki. Lakini kama ningepewa kura ningempa mchuuzi wa Johnson, maana mzigo wake unaeleza neno kuliko zizi lolote: mayai chini ya majani, kuku kafungwa miguu juu ya mayai, siagi imebanwa ubavuni, na mwenyewe anajua kila kitu kilipo ingawa wewe mtazamaji huoni mpango wowote.

Sauti ya neno nayo si ya bahati. Mapacha wa Kiingereza hupenda wa pili aanze kwa midomo: hugger akafuatwa na mugger, hurly akafuatwa na burly, higgledy na piggledy. Waturuki wameligeuza hilo kuwa kanuni ya kila siku. Kitap ni kitabu, na kitap mitap ni vitabu na vikorokoro vya namna hiyo. Sasa tazama kwetu. Shaghala ikafuatwa na baghala. Shela ikafuatwa na bela. Songo ikafuatwa na mbingo. Midomo tena, kila mara. Masikio ya watu wa nchi mbalimbali yamekubaliana kwamba fujo husikika hivyo: neno linaanza safari, linateleza, linaanguka kwa midomo.

Lakini kufanana kwa sauti si kufanana kwa maana, na hapa Kiswahili kina utajiri ambao mtafsiri wa "ovyo" anautupa. Ovyo lina mtu nyuma yake. Kibao kikisema usitupe taka ovyo, kinakutazama wewe. Shaghalabaghala halimlaumu mtu; chumba kiko shaghalabaghala, basi, huenda hata ni upepo. Holela linatoka ofisini. Ujenzi holela, makazi holela, uuzaji holela wa dawa: msemaji ana ramani au sheria mkononi, na anachokiita fujo ni kile ambacho hakikupita mezani kwake, ingawa waliomo ndani ya hayo makazi wanajua vizuri njia ipi inatokea kisimani na ipi inaishia ukutani. Segemnege ni la mpango uliokuwepo ukavunjika: harusi iliandaliwa, kamati ikakaa, mwisho mambo yakaenda segemnege. Mrama lilikuwa la baharini, chombo kikiyumba huku na huku, kabla halijahamia kwenye biashara na ndoa za watu.

Shelabela ni la sokoni. Kununua kitu shelabela ni kukichukua kama kilivyo, chote kwa pamoja, bila kuchambua. Chukua tenga la nyanya. Anayechagua hushika moja moja, anaibonyeza karibu na kikonyo, anaigeuza kutazama kama chini imelainika, anaiweka kando. Anayenunua shelabela haruhusiwi hayo; nyanya nzuri za juu na zile zilizopondeka chini kabisa ni zake zote, na bei inajua hivyo. Neno hili halisikiki sana siku hizi, na wengi wanaolisema wanalisema kwa maana ya "ovyo" tu, kama Waingereza walivyowafanyia mapacha wao. Ila ile maana ya sokoni ndiyo ninayoihitaji, kwa ajili ya kesi moja ya mwaka 1859.

Tarehe 24 Novemba mwaka huo Charles Darwin alitoa kitabu chake kuhusu asili ya spishi, nakala 1,250 kwa chapa ya kwanza. Miongoni mwa waliotumiwa nakala alikuwa Sir John Herschel, mwanaastronomia mashuhuri. Herschel hakuwa msomaji wa kawaida kwa Darwin. Kitabu chake cha 1831 kuhusu namna ya kuchunguza maumbile ndicho kilichomwasha Darwin alipokuwa mwanafunzi Cambridge. Mwaka 1836, meli ya Beagle ilipotia nanga rasi ya kusini mwa Afrika, Darwin alikwenda kumwona nyumbani kwake. Na aya ya kwanza ya kitabu kipya inamtaja bila jina kuwa mmoja wa wanafalsafa wakubwa wa nchi yao. Darwin alikuwa akisubiri neno la mwalimu.

Neno likaja, tena kwa njia ya kuzunguka. Mwezi Desemba Darwin alimwandikia rafiki yake Charles Lyell kwamba amesikia Herschel anakiita kitabu hicho sheria ya higgledy-piggledy. Akaongeza kuwa maana yake hasa haijui, lakini ni wazi kwamba ni dharau kubwa; na kama ni kweli, ni pigo la kuvunja moyo.

Naipenda barua hiyo kwa sababu Mwingereza msomi, mwenye lugha yake, anakiri kwamba neno limempiga na bado hajui limempiga wapi. Dharau yenyewe aliielewa mara moja. Herschel angeweza kusema sheria ya nasibu, na yangekuwa mabishano ya wanasayansi. Badala yake alichukua neno la wimbo wa watoto akalibandika kwenye kazi ya miaka ishirini. Kielezi cha fujo, kikitoka kinywani mwa mtu mzito, hakielezi tu hali ya vitu. Kinatangaza kwamba msemaji alitarajia mpangaji na hakumwona. Ndivyo mtu wa ofisini anavyosema holela, na ndivyo mtazamaji anavyouona mzigo wa mchuuzi.

Miaka miwili baadaye Herschel alifafanua kwa maandishi kile alichokuwa akikipinga. Alisema hawezi kukubali kwamba mabadiliko ya kubahatisha pamoja na uteuzi wa asili vinatosha kueleza viumbe, kama vile hawezi kukubali kwamba mtindo wa Laputa wa kutunga vitabu unatosha kueleza kazi za Shakespeare na Principia ya Newton. Alikuwa akirejea Safari za Gulliver, kitabu cha Jonathan Swift cha 1726, ambacho wasomaji wa Kiswahili walikipata kwa lugha yao tangu enzi za ukoloni, ingawa wengi wanakumbuka vile vijitu vidogo tu. Katika sehemu ya tatu kuna chuo chenye mashine ya kuandika vitabu. Ni fremu kubwa iliyojaa vipande vya mbao vyenye maneno yote ya lugha, na pembeni ina mikono arobaini ya chuma. Wanafunzi wanazungusha, maneno yanapinduka na kujipanga upya, wengi wa vijana hao wanasoma mistari, na wakikuta maneno machache yanayoweza kuwa sehemu ya sentensi, makarani wanayaandika. Kisha wanazungusha tena.

Swift alikusudia kejeli, na Herschel aliitumia kama kejeli. Lakini soma tena: vijana wanasoma, makarani wanaandika yale yenye maana na kuyaacha mengine. Hata kwenye mashine ya Swift kuna mtu anayechambua. Mzungusho ni wa kubahatisha. Kalamu si ya kubahatisha. Na hapo ndipo Darwin alipoonewa. Mabadiliko madogo yanayotokea kwa viumbe hayana mpango, hilo alilikubali. Ila jina la nadharia yake ni uteuzi. Sura yake ya kwanza imejaa wafugaji, hasa wafugaji wa njiwa, ambao yeye mwenyewe alijiunga na vilabu vyao London na kufuga nao. Mfugaji njiwa hachukui kinda lolote. Anatazama mdomo, kifua, idadi ya manyoya ya mkia. Huyu anazalishwa, yule anaishia mezani. Darwin alisema maumbile yanafanya kazi hiyo hiyo bila mfugaji, kwa njaa, baridi, ugonjwa na meno ya wawindaji.

Basi nikiambiwa niiweke kauli ya Herschel katika Kiswahili, siandiki sheria ya ovyo, kwa sababu ovyo linatafuta mkosaji. Sheria ya shaghalabaghala ina mlio mzuri na ina ule utoto, nami ningeikubali kwenye gazeti. Lakini ya kwangu ni sheria ya shelabela. Ina mapacha, ina midomo, ina dharau ya sokoni, na juu ya yote inataja kosa lenyewe: Herschel alimshutumu kwa kutochagua mtu ambaye hoja yake nzima ilikuwa kuchagua. Kiingereza chake hakikuweza kusema hivyo kwa neno moja. Kiswahili kinaweza, na nusu ya wasemaji wake wamelisahau.

Shelabela haiwezi kwenda kila mahali, hata hivyo. Herman Melville, mwanzoni mwa Moby-Dick ya 1851, anamwonya msomaji asiyachukue maelezo ya higgledy-piggledy kuhusu nyangumi kuwa elimu thabiti. Hapo ni dondoo zilizorundikwa kutoka kila kitabu, na shaghalabaghala ndiyo mahali pake.

Halafu kuna Ian Little, mchumi wa Oxford. Mwaka 1962 alichapisha makala iliyochunguza faida za kampuni za Uingereza, akitafuta kama iliyokua haraka jana ina dalili ya kukua haraka kesho. Watu wa masoko ya hisa waliliamini hilo na walilipa bei kubwa kwa imani hiyo. Little hakuona uhusiano wa maana. Kampuni iliyopaa miaka mitano inaweza kupaa tena, kusimama, au kuporomoka, na rekodi yake haikwambii ni lipi. Makala aliipa jina Higgledy Piggledy Growth, na nadhani alilichagua neno kwa sababu ile ile ya Herschel, kuwachekesha wasomaji na kuwachoma wachambuzi wenye suti. Tofauti ni kwamba safari hii aliyelitumia alikuwa na takwimu upande wake.

Hapa hakuna tenga wala mchambuzi aliyenyimwa kuchagua. Wachambuzi wanachagua mchana kutwa, ila kuchagua kwao hakusaidii. Kwa hiyo ningemwachia shelabela Darwin wake, nikaandika Ukuaji wa Pata Potea. Na kitabu ambacho Little alikitoa na A. C. Rayner mwaka 1966 baada ya kurudia hesabu kingekuwa Ukuaji wa Pata Potea, Tena.