Programu za wizi: rahisi inavunja upishi

Mjini Bungoma, kama ilivyo Mombasa au Malindi, saiba ndiyo ofisi ya wasio na ofisi. Mwalimu huja kuchapisha mtihani, mkulima kujaza fomu za KRA, kijana kuomba cheti eCitizen. Nimezungumza na mafundi wa huko, na hawakunificha: kompyuta nyingi wanazoletewa zina Windows, Office au Photoshop ambazo hazikulipiwa. Hupakuliwa kutoka tovuti zinazogawa nakala zilizovunjwa kufuli, kisha zikazunguka mjini kwa flashi.

Mvuto wake waeleweka. Bei za programu hizi hazikupangwa kwa kumfikiria mwenye duka dogo la Bungoma. Tangu 2013, Adobe imeelekea kuuza programu zake mpya kwa ada isiyokwisha, ya mwezi au ya mwaka.

Lakini anayevunja kufuli hubadilisha programu yenyewe isidai ufunguo, na mara nyingi hukuagiza uzime kinga ya virusi kwanza. Hapo umemfungulia mlango usiyemjua. Pamoja na programu aweza kuingiza virusi vinavyonakili kila unachokiandika, yakiwemo maneno ya siri. Tena nakala nyingi za aina hii hazipati marekebisho ya usalama. Mei 2017, kirusi cha WannaCry kilivamia kompyuta katika nchi zaidi ya 150, na dawa yake Microsoft ilikuwa imeitoa tangu Machi.

Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inazilinda programu za kompyuta kama inavyolinda vitabu, na msimamizi wake ni KECOBO. Kwa upande wa dini, Baraza la Kimataifa la Fiqhi ya Kiislamu, lilipokutana Kuwait Desemba 1988, liliamua kwamba haki za utunzi na uvumbuzi ni mali ya wenyewe na haijuzu kuzivunja.

Wako wanaojitetea kwa dharura. Dharura ni pale pasipo na njia nyingine, na hapa njia zipo. LibreOffice, iliyoanza 2010, ni bure kwa idhini ya wenyewe na hufungua faili za Word. GIMP hurekebisha picha, na Linux huendesha kompyuta nzima. Hata Kiswahili hakikusahauliwa: mwaka 2004 Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilishiriki kutoa Jambo OpenOffice kwa lugha yetu.

Ndugu msomaji, mwenye saiba ameshika amana. Akiweka programu ya wizi ili apunguze gharama, faida ni yake, lakini siri anazozihatarisha ni za mwalimu na mkulima. Basi kabla ya kuandika neno lako la siri kwenye kompyuta ya mtu, muulize programu zake amezitoa wapi.