Kanga wa Katumba na Sheria Zisizowataja

Kanga na kwale wa Katumba, makazi yaliyofunguliwa kwa ajili ya wakimbizi magharibi mwa Tanzania, wana historia mbili. Ya kwanza imo katika sheria za uwindaji, kuanzia wakati wa Wajerumani hadi leo. Ya pili haikuandikwa mahali pamoja: imetawanyika katika amri za kuhamisha watu, ramani za makazi na vyeti vya uraia, na humo ndege hawatajwi kabisa. Nashikilia kwamba hiyo ya pili ndiyo iliyoamua zaidi kama ndege hawa watakuwepo au watatoweka, na kwamba uhifadhi unaoisoma ile ya kwanza peke yake utaendelea kufika umechelewa.

Tuanze na sheria. Mwaka 1896 gavana Hermann von Wissmann alitoa amri ya uwindaji kwa koloni zima la Afrika Mashariki ya Kijerumani. Mwaka 1900 mataifa ya Ulaya yalikutana London na kukubaliana juu ya wanyama wa Afrika: tai mzoga, bundi na karani tamba walilindwa kwa sababu walionekana wana faida kwa binadamu, wakati ndege wengine wakubwa wala nyama waliwekwa kundi moja na simba na fisi, yaani viumbe waharibifu wa kupunguzwa. Waingereza walifuata na sheria zao za 1921 na 1951. Tanzania huru ikatunga za 1974 na 2009. Sheria hizi zinatofautiana kwa mengi, lakini swali lao kuu ni lile lile: nani ameua, ameua nini, na ana leseni gani mkononi. Kwa tembo swali hilo lina uzito mkubwa. Kwa kanga halifiki mbali.

Kanga si ndege wa msitu mnene. Huko ndiko kwa kororo, mwenye kishungi. Kanga hulala mtini, hushuka alfajiri kutafuta mbegu, mizizi na mchwa mahali palipo wazi, hunywa maji karibu, na hutaga chini, katika nyasi, mvua zinapoanza. Kwa hiyo anahitaji vitu vinne kwa pamoja: mti, uwazi, maji na kichaka. Kwale naye hayuko mbali na hapo. Mahali vitu hivyo vinapokutana kwa urahisi ni pembezoni mwa konde, hasa konde lililolazwa miaka michache. Tangu miaka ya 1920 serikali ya Kiingereza iliwaondoa watu wengi wa magharibi mwa Tanganyika kutoka vijiji vyao vilivyotawanyika na kuwakusanya pamoja ili kuwaepusha na malale. Nyuma yao miombo ilirudi kufunika makonde na mbung'o wakazagaa. Watawala waliofuata waliiona nchi hiyo kama pori la tangu uumbaji, wakachora juu yake mapori ya akiba. Hakuna aliyeuliza konde lile lilikuwa linamlisha ndege gani.

Mwaka 1972 mauaji nchini Burundi yaliwafukuza makwao maelfu kwa maelfu ya watu, wengi wao Wahutu. Mwaka uliofuata Katumba ilifunguliwa kwa ajili yao, kaskazini mashariki ya mji wa Mpanda, kando ya reli ya Kaliua iliyojengwa kwa ajili ya madini ya risasi. Serikali, Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi na shirika la Kikristo la TCRS waligawa viwanja, na familia zikaanza kufyeka miombo kwa shoka na jembe. Mwaka 1974, yaani mwaka mmoja tu baadaye, Katavi ikatangazwa kuwa hifadhi ya taifa. Mistari miwili ilichorwa katika nchi moja karibu kwa wakati mmoja: mmoja ukiwazuia watu wasiingie, mwingine ukiwazuia wasitoke, maana mkimbizi alihitaji kibali ili aondoke kwenye makazi. Waliokuja hawakuwa wageni wa ndege hawa. Kwale kwao ni inkware, neno lile lile kwa matamshi mengine. Nikifuata tabia ya ndege wenyewe, naona kwamba miaka ya mwanzo ya ufyekaji iliwapa kanga na kwale kingo nyingi mpya za kulishia. Lakini kiwanja hakikui na watoto huongezeka. Familia iliyofungwa ndani ya mpaka haiwezi kulaza shamba miaka mitano. Inalima mahindi na mihogo pale pale, inapanda tumbaku na kukata kuni za kuikausha, mpaka kichaka kinabaki jina. Hapo kanga hutoweka hata kama hakuna aliyemtegea tanzi.

Atakuja mtu na kusema ninawatetea majangili. Hoja yake si ya kupuuzwa. Shirika la TRAFFIC lilichunguza kambi za wakimbizi za kaskazini magharibi mwa Tanzania na kukuta nyama ya porini ikiitwa kwa fumbo mchicha wa usiku. Fumbo hilo likawa jina la ripoti yake. Matanzi na magobore ni vya kweli, na ndege atagaye chini hushikwa kirahisi. Lakini ripoti hiyo hiyo ilieleza kwamba watu waliotengewa mgao wa chakula usio na nyama walikwenda kuitafuta. Na kuna tofauti kati ya vifo hivi viwili. Kundi la kanga lililowindwa hujijaza tena likiwa na mahali pa kutaga, kwa kuwa jike hutaga mayai mengi kwa mpigo mmoja. Kundi lisilo na kichaka halijijazi, hata askari wa wanyamapori wakae kila njia panda.

Hoja ya pili ni nzito zaidi: ndege wahamao hawawezi kutunzwa na mkulima wa Katumba, wanahitaji mikataba ya mataifa. Ni kweli. Bata wadogo wanaozaliwa Ulaya na Asia huja kukaa kipindi cha baridi ya kwao katika mabwawa yetu, na mto Ugalla umo ndani ya ardhi oevu ya Malagarasi-Muyovosi, iliyokuwa ya kwanza ya Tanzania kuandikishwa chini ya Mkataba wa Ramsar, mwaka 2000. Hata hivyo mkataba haujazi bwawa maji. Mto Katuma, unaolisha ziwa Katavi na ziwa Chada ndani ya hifadhi, umepungua sana wakati wa kiangazi kwa sababu maji yake yanakingwa juu kwa ajili ya mashamba, mpunga hasa, na viboko wamekuwa wakisongamana katika madimbwi ya tope. Palipokosekana maji ya kiboko, bata atatua wapi? Hapa tena aliyeamua ni mfereji wa shamba, na mfereji haujui leseni ya uwindaji.

Kinachoniuma zaidi ni miaka iliyopotea. Sera ya wanyamapori ya 1998 ilifungua njia kwa vijiji kutunza wanyama wao na kupata faida, lakini kwa vijiji vilivyoandikishwa na vyenye mpango wa ardhi. Katumba iliongozwa na mkuu wa makazi chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani. Tangu 2007 watu wake waliahidiwa uraia, huku wakiambiwa watahamishiwa mikoa mingine. Karibu 162,000 kutoka Katumba, Mishamo na Ulyankulu waliomba na kukubaliwa, kisha wakasubiri hadi 2014 ndipo vyeti vikaanza kutolewa na kuhama kukaachwa. Nani atalaza shamba ambalo huenda mwakani si lake?

Sasa wengi wao ni raia, na mpango wa matumizi ya ardhi unaweza kuandikwa Katumba kama kwingineko. Humo panawekwa mashamba, malisho, msitu na vyanzo vya maji. Ukanda wa kichaka kati ya konde na miombo unaweza kuwekwa humo humo, na wanakijiji wakakubaliana kuchoma nyasi Mei au Juni, zingali na unyevu, badala ya Septemba moto unapokula kila kitu, ili mvua za Novemba zikute majani ya kutosha kumficha kanga aliyeatamia.