Daftari la Viota: Ujira wa Kuandikisha Mayai ya Kasa Kisiwani Juani

Katika visiwa vya Mafia daftari la serikali lilifika pamoja na kodi. Mwaka 1890 visiwa hivyo vilitoka katika milki ya Sultani wa Unguja vikaingia katika himaya ya Wajerumani, na mwaka 1898, kodi ya nyumba ilipoanza kutozwa, kila nyumba ilipaswa kuhesabiwa na kila mwenye nyumba kuandikwa jina. Boma lilikuwa Chole, kisiwa kidogo kilichokaa baina ya Juani na Mafia yenyewe, hata mwaka 1913 lilipohamishiwa Kilindoni ambako meli zilipata maji ya kutosha. Miaka miwili baadaye Waingereza wakaitwaa Mafia. Dola ikabadilika na lugha ya makarani ikabadilika, lakini maana ya kuandikwa haikubadilika: aliyeandikwa alijulikana, na aliyejulikana alidaiwa. Kwa hiyo mtu aliyekwepa macho ya karani hakuwa mjinga wala mkaidi. Alikuwa amesoma vema tabia ya daftari.

Lilikuwako jambo moja lililokwenda kinyume cha hayo, nalo ni hati za uhuru. Katika zama za Wajerumani watumwa wengi wa pwani, na Mafia yenye mashamba makubwa ya minazi ilikuwa na watumwa wengi, walipata karatasi iliyothibitisha ya kwamba wamekuwa huru. Hapo kuandikwa kulimpa mtu kitu badala ya kumnyang'anya. Lakini hati hiyo ilitolewa mara moja tu katika maisha ya mtu, na daftari la kodi lilifunguliwa kila mwaka. Basi si ajabu kwamba lile la pili ndilo lililokaa zaidi katika fikira za watu.

Mambo haya yafaa yakumbukwe, maana bila hayo haielekei kufahamika jinsi lilivyokuwa geni jambo lililotokea miaka mia na zaidi baada ya kodi ya kwanza, pale daftari lilipoanza kulipa.

Kisiwa cha Juani kimo kusini-mashariki ya Mafia, ng'ambo ya ghuba ya Chole. Wageni na wanahistoria wanaofika huko aghalabu huishia upande wa magharibi, yalipo magofu ya Kua, mji wa misikiti na majumba ya mawe ulioachwa mwanzoni mwa karne ya 19 baada ya kushambuliwa na Wasakalava kutoka Bukini. Historia inayosimuliwa hapa iko upande wa pili wa kisiwa, upande wa mashariki unaotazama bahari kuu. Huko pwani ni mwamba wa matumbawe uliochongoka kwa kupigwa na mawimbi, na katikati ya miamba hiyo zimejificha fuo ndogo ndogo za mchanga. Katika fuo hizo kasa hupanda usiku, hufukua shimo, hutaga mayai yapatayo mia au zaidi, hulifukia shimo na kurudi majini kabla ya mapambazuko. Kinachobaki ni alama ya mburuzo wake mchangani, ambayo mtu aliyezoea huisoma kama mwanachuoni asomavyo mstari wa kitabu.

Biashara ya kasa katika bahari hii ni ya kale mno. Kitabu cha safari kilichoandikwa na baharia wa Kiyunani katika karne ya kwanza kinataja magamba ya kasa miongoni mwa bidhaa zilizotoka Rhapta, na kinaeleza kisiwa kiitwacho Menouthias, ambacho wataalamu wengine hukidhania kuwa Pemba, wengine Unguja, wengine Mafia. Wakazi wake, chasema kitabu hicho, walikuwa na vyombo vya kushonwa na walinasa kasa kwa matenga katika midomo ya mikondo. Magamba ya ng'amba yaliendelea kusafirishwa kwenda Bara Hindi, Uarabuni na Ulaya kwa karne nyingi. Mayai hayakuwa na safari ndefu kama hiyo. Yaliliwa kisiwani au yaliuzwa karibu, na hayakuwa na mwenyewe mpaka yaonwe: aliyeuona mburuzo asubuhi na kulitambua shimo ndiye aliyeyachukua.

Hilo ndilo hasa lililokuja kugongana na sheria. Mwaka 1994 Bunge la Tanzania lilipitisha Sheria ya Hifadhi za Bahari na Maeneo Tengefu, na mwaka 1995 ikatangazwa Hifadhi ya Bahari ya Kisiwa cha Mafia, ya kwanza ya namna yake nchini, yenye eneo la kilometa za mraba 822. Juani, Chole na Jibondo zote zimo ndani yake. Mwanzoni watu wengi wa visiwa hivyo waliipokea hifadhi kwa furaha, maana walikuwa wamechoshwa na wavuvi wa baruti waliotoka nje na kuyavunja matumbawe yao. Christine Walley, mwanaelimu wa Kimarekani aliyekaa Chole katika miaka hiyo ya 1990, ameeleza kwa urefu jinsi furaha hiyo ilivyogeuka kuwa manung'uniko. Wenyeji waliona ya kwamba mipaka, makatazo na vibali viliwaelemea wao waliovua kwa ngalawa na nyavu ndogo, ilhali ahadi ya kuwa wao ndio wenye hifadhi ilikuwa ikififia. Kwa mara nyingine kuandikwa kulikuwa ni kuzuiwa.

Katika hali hiyo, mwaka 2001, ulianza Mafia mpango wa kuwahifadhi kasa na nguva, ambao waendeshaji wake baadaye walijulikana kwa jina la Sea Sense. Kuchukua mayai ya kasa kulikuwa kumekwisha kukatazwa, lakini ni nani angekesha katika kila ufuo wa Juani kumkamata mchukuaji? Waendeshaji waliamua kununua habari. Mtu aliyeona kiota, awaye yote, alitakiwa asikiguse, bali aende kumwarifu mlinzi, naye mlinzi ni mtu wa kijiji hicho hicho aliyefundishwa kazi. Mlinzi alifika, akahakikisha, akaandika tarehe, mahali na jina la aliyekiona. Kama kiota kilikuwa chini mno na maji makuu yangekifikia, mayai yalihamishwa kwa uangalifu hadi mahali pa juu. Kisha mwenye kuona alilipwa.

Lakini hakulipwa yote, na hapa ndipo palipo na akili ya mpango huu. Ujira uligawanywa mafungu mawili. La kwanza lilikuwa la habari, nalo lilitolewa kiota kilipothibitishwa. La pili lilingoja. Mayai ya kasa hukaa mchangani siku hamsini, sitini hivi, kwa kadiri ya joto. Makinda yakisha kutoka, kiota hufukuliwa na maganda huhesabiwa, yaliyoanguliwa mbali na yaliyoharibika mbali. Fungu la pili lilifuata hesabu hiyo. Kiota kilichoibwa katikati hakikuwa na maganda ya kuhesabu, na aliyeandikwa alipoteza kwa mwizi kama vile ambavyo mwenye shamba hupoteza nazi zake.

Waliobuni mpango huu, wawe walikusudia au hawakukusudia, waliichukua desturi ya zamani ya ufuoni wakaiingiza daftarini. Aliyeona kwanza alikuwa ndiye mwenye mayai, akabaki kuwa ndiye mwenye mayai. Kilichobadilika ni kwamba hakuyamiliki kwa kuyafukua bali kwa kuandikwa jina lake. Na kwa kuwa haki yake ilidumu miezi miwili badala ya asubuhi moja, alipata sababu ya kupita tena ufuoni, na majirani zake walipata sababu ya kukiheshimu kiota ambacho sasa kilikuwa cha mtu wanayemjua. Sheria ilisema mayai ni ya serikali, jambo ambalo machoni pa mvuvi halina tofauti kubwa na kusema kwamba si ya mtu. Daftari lilisema ni ya fulani. Wizi wa mayai ulipungua sana katika miaka michache ya mwanzo, na mpango wa Mafia ukaingia katika maandishi ya wataalamu wa nchi nyingine wanaochunguza malipo ya kuhifadhi kasa. Huko Watamu, katika pwani ya Kenya, wavuvi waliokuwa wakitoa habari za kasa walionaswa nyavuni nao walikuwa wakipewa ujira tangu mwishoni mwa miaka ya 1990.

Kununua habari kwa wavuvi si jambo jipya katika Bahari ya Hindi. Baada ya samaki wa ajabu aitwaye silakanti kupatikana East London, Afrika ya Kusini, mwezi wa Desemba 1938, samaki ambaye wataalamu walidhani jamii yake imekwisha tangu mamilioni ya miaka, Profesa J. L. B. Smith alisambaza matangazo kwa Kiingereza, Kifaransa na Kireno, akiahidi pauni 100 kwa atakayempata mwingine. Miaka kumi na minne ilipita. Desemba 1952 mvuvi wa Nzwani, katika visiwa vya Ngazija, alimvua mmoja, na ikadhihirika kuwa wavuvi wa huko walikuwa wakimfahamu siku zote na kumwita gombessa. Dunia ya wataalamu ilikuwa ikitafuta kitu ambacho hakikupotea ila katika vitabu vyao. Mwaka 2003 silakanti alipatikana pia katika maji ya Tanzania, kusini ya Mafia. Tofauti ya zawadi ya Smith na ujira wa Juani ni kubwa hata hivyo: yeye alilipia mzoga mmoja, na mara alipoupata haja yake kwa mvuvi ilikwisha.

Mfano ulio karibu zaidi na daftari la viota, kwa umbo lake, watoka mahali ambapo msomaji hapatarajii, nao ni biashara ya michezo ya video. Mwaka 2003 kampuni ya Nintendo ilianzisha Ujapani chama cha wanunuzi kilichoitwa Club Nintendo, na mwaka 2008 kikafika Marekani. Ndani ya kasha la mchezo, au la mashine ya kuchezea, mlikuwa na namba ya siri. Mnunuzi aliiandikisha katika akaunti yake naye akahesabiwa alama. Akijibu maswali kuhusu mchezo wenyewe aliongezewa nyingine, na alama zikifika kiasi fulani alizibadilisha kwa zawadi. Huko pia ujira uligawanyika, fungu moja la kujitokeza na fungu jingine la kueleza yaliyofuata. Huko pia kilichonunuliwa ni habari, kwani kampuni ilikwisha kulipwa bei ya mchezo, na kilichobaki kutafutwa ni kumjua mchezaji ni nani na anapenda nini.

Mwaka 2015 chama hicho kilifungwa. Wanachama wa Marekani walipewa muda hadi tarehe 30 Juni kutumia alama zao, na zilizosalia baada ya siku hiyo zikafutika. Michezo yenyewe ilibaki mikononi mwa watu. Alama, kwa kuwa hazikuwahi kuwako popote isipokuwa katika daftari la kampuni, zilikwenda pamoja na daftari. Kampuni ilianzisha mpango mwingine mwaka 2016, wenye alama nyingine na kanuni nyingine.

Mnunuzi wa Ujapani au Marekani aliyepoteza alama alipoteza pambo, na pengine hasira zake zilikwisha kabla ya juma kwisha. Kwa Juani swali ni zito zaidi. Fedha iliyolipia viota haikutoka kisiwani. Ilitoka kwa wafadhili, na fedha ya wafadhili ina mwisho wake. Wako waliosema tangu awali kwamba kumlipa mtu ili asivunje sheria ni kumfundisha kwamba uaminifu ni bidhaa, na siku malipo yatakapokoma atarudi na jembe lake ufuoni, safari hii akiwa na ujuzi zaidi wa mahali pa kuchimba. Hoja hii ina nguvu, lakini husahau upande mmoja. Kabla ya mwaka 2001 sheria ilikuwako bila malipo na mayai yaliibwa. Anayeuogopa mwisho wa malipo yampasa aeleze ni uaminifu gani wa zamani ulioharibiwa nayo. Tena yafaa ikumbukwe ni nani anayeambiwa afanye kazi kwa dhamiri tupu. Mtaalamu aliyekuja kuhesabu kasa alipata mshahara, na hakuna aliyemshuku kwamba anawapenda kasa kwa sababu hiyo tu.

Njia iliyotafutwa ili kupunguza kuwategemea wafadhili ni wageni. Watalii wanaolala katika hoteli za ghuba ya Chole hupelekwa Juani kutazama makinda yakitoka mchangani na kukimbilia maji, na hutozwa ada ambayo sehemu yake huingia kijijini. Kwa njia hiyo kiota kimoja huwafaa hata watu ambao hawakukiona wao wala ndugu zao. Ni jambo jema, ila linabadilisha tena swali la mwenye mayai, kutoka kwa aliyeona kwenda kwa kijiji kizima, na fedha ya wote, kama ijulikanavyo katika kila kijiji cha pwani, huhitaji daftari lake na macho mengi ya kulikagua.

Lipo na jambo jingine ambalo daftari haliwezi kuharakisha. Kasa jike hakomai upesi. Huchukua miaka ishirini na mitano, pengine arobaini, kabla ya kupanda ufuoni kwa mara ya kwanza, na aghalabu hurudi katika nchi aliyozaliwa. Katika makinda wengi walioandikwa ni wachache mno wanaofikia umri huo. Wale waliotoka katika viota vya mwaka 2001, ambavyo walioviona walilipwa mafungu yao mawili na kuzitumia fedha hizo zamani, wa kwanza wao hawangetazamiwa kurudi kutaga kabla ya mwaka 2026.