Bei ya Khiyari na Mnada wa Mashamba

Kukopa harusi, kulipa matanga, walinena wahenga. Katika visiwa vya Unguja na Pemba matanga hayo yaliwahi kuandikwa katika hati za mashamba ya mikarafuu, na mabishano juu yake yakatoka mahakamani, yakaingia serikalini, hata yakavuka bahari hadi Bara Hindi.

Mwenye shamba alihitaji fedha kabla ya mavuno, hasa baada ya utumwa kupigwa marufuku mwaka 1897, palilio na uchumaji vikawa kazi za ujira. Mwenye fedha, aghalabu mfanyabiashara wa Kihindi, alikuwa tayari kumkopesha. Lakini sheria ya Kiislamu inakataza riba. Basi mkopo ukavishwa vazi la mauzo. Mkopaji aliuza shamba kwa sharti kwamba akirudisha fedha katika muda waliopatana, atalitwaa tena. Katika muda huo alibaki shambani kama mpangaji, na kodi aliyolipa ilishika mahali pa riba. Mkataba huo ndio bei ya khiyari, yaani mauzo yenye hiari ya kukomboa.

Swali la wanasheria lilikuwa hili: je, hayo ni mauzo au ni rehani? Yakiwa mauzo, muda ukipita shamba zima limekwenda, ijapokuwa fedha zilizochukuliwa ni sehemu ndogo ya thamani yake. Ikiwa rehani, haki ya mdai haizidi deni lake: shamba huuzwa kwa amri ya mahakama, deni likalipwa, na kinachobaki kikarudi kwa mwenyewe.

Rehani ilimhifadhi mdaiwa zaidi, walau katika karatasi. Hata hivyo, mnada hauna maana pasipo washindani. Bei ya karafuu ilipoporomoka mwanzoni mwa miaka ya 1930, uchumi wa dunia nzima ukiwa umedorora, wenye uwezo wa kununua shamba walikuwa wachache, na mara nyingi walikuwa ni wadai wenyewe. Shamba lililouzwa kwa bei ya msimu mbaya halikuacha baki ya kurudishwa.

Mwaka 1934, katika enzi ya Sayyid Khalifa bin Haroub, serikali ya himaya ilipitisha sheria iliyozuia ardhi ya Mwarabu au Mwafrika kuhamishiwa mtu asiyekuwa wa makundi hayo bila ya ruhusa ya Rezidenti wa Kiingereza. Wafanyabiashara wa Kihindi walilalamika kwamba walikopesha chini ya sheria moja na sasa wanafungwa na nyingine, tena kwa kuangaliwa nasaba zao, si matendo yao. Serikali ya India ilimtuma K.P.S. Menon kuchunguza, na ripoti yake ikazipinga sheria hizo. Mwaka 1937, Chama cha Wakulima wa Karafuu kilipopewa nguvu kubwa zaidi katika biashara hiyo, karafuu za Zanzibar zikagomewa huko India, hadi yakapatikana makubaliano mwaka 1938.

Mwenye shamba naye alipata nini? Alikingwa na mnada, lakini shamba lisilouzika ni dhamana dhaifu, na milango ya mkopo ikazidi kuwa mizito. Mwaka huohuo wa 1938 ikaja sheria ya kusuluhisha madeni, serikali ikasimama kati ya mdai na mdaiwa. Deni halikufutika, lilipata msimamizi mpya.

Hiari iliyotajwa katika jina la mkataba haikumfikia mdaiwa kwa ukamilifu wakati wowote. Mwanzo aliikosa kwa kukosa fedha za kukombolea. Baadaye ruhusa ya kuuza ikawa mkononi mwa Rezidenti. Baada ya Mapinduzi ya 1964 ardhi yote ikawa mali ya serikali, na hati zilizobaki za bei ya khiyari hazikuwa tena na shamba la kukombolewa.